Je, Mapatano Yatosha Kuufanya Ujira Uwe wa Haki?



Liko swali moja lililo jepesi kuulizwa, bali kulijibu ni kazi. Mtu akikubali mwenyewe kufanya kazi kwa ujira mdogo, akatia sahihi yake, je, amedhulumiwa? Wengi husema, La, alikubali mwenyewe, wala hakuna aliyemshurutisha. Nataka tulipime neno hili kwa habari ya walimu wa serikali walioajiriwa kwa mkataba, maana katika nchi ya India limepimwa sana mbele ya waamuzi.

Katika jimbo la Gujarat walikuwako walimu wa vyuo vya serikali vya uhandisi, walioajiriwa kwa mkataba wa muda, nao ukafanywa upya mwaka kwa mwaka. Kazi yao ilikuwa ile ile ya wenzao wa kudumu. Lakini ujira wao ulikuwa rupia 30,000 kwa mwezi, na hali wenzao walipata zaidi ya 100,000. Mwezi wa Agosti 2025 Mahakama ya Juu ya India iliamuru wapewe angalau kima cha chini cha mshahara wa wenzao, pamoja na malimbikizo na riba ya 8 kwa mia. Tena waamuzi walisema ya kuwa haitoshi kumtukuza mwalimu kwa maneno matakatifu siku ya sherehe, ikiwa heshima hiyo haionekani katika jinsi anavyotendewa.

Basi, na turudi kwa swali letu. Walimu hawa walitia sahihi. Kwa nini mapatano yao yasiwafunge?

Mahakama hiyo ilikwisha kujibu mwaka 2016, katika shauri la watumishi wa muda wa jimbo la Punjab. Ilisema ya kuwa mtu afanyaye kazi ile ile kwa ujira pungufu hafanyi hivyo kwa hiari yake. Akubali ili awapatie jamaa zake chakula na mahali pa kulala, naye alipa kwa kuipoteza heshima yake. Hapo ndipo penye kiini cha jambo. Mapatano ya kweli huhitaji watu wawili ambao kila mmoja aweza kusema, La. Mwenye watoto wenye njaa hawezi kusema, La. Na serikali iliyo mwajiri wa maelfu haisimami sawa na mtu mmoja aliyeshika cheti chake mkononi.

Wengine hushika mfano wa shamba la mizabibu (Mathayo 20), wakisema, Mwenye shamba aliwajibu wanung'unikaji kwa mapatano yao. Tuusome vema. Wale wa saa ya kumi na moja hawakupatana naye dinari, walakini alipewa kila mmoja riziki ya siku nzima. Mapatano yalimzuia bwana yule asitoe pungufu, lakini hayakumzuia kutoa zaidi. Autumiaye mfano huo ili kuwapunguzia watu ujira ameugeuza kichwa chini.

Liko na pingamizi la pili, nalo ni zito kuliko la kwanza: hazina ni ndogo, na watoto ni wengi. Katika jimbo la Bihar walimu zaidi ya 300,000, walioajiriwa kwa njia ya mabaraza ya vijiji na miji, walidai mshahara sawa na walimu wa zamani. Mahakama ya jimbo iliwapa haki mwaka 2017, lakini mwaka 2019 Mahakama ya Juu iliitengua hukumu ile. Ilisema ya kuwa walimu hao walikuwa wa safu nyingine, tena jimbo lilikuwa na wajibu wa kuwafikishia watoto wote elimu kwa fedha lililo nazo.

Sitaki kulidharau neno hilo. Shule isiyo na mwalimu ni hasara kwa mtoto, naye mtoto hakuomba kuzaliwa katika jimbo maskini. Lakini naliuliza neno moja tu: umaskini wa hazina ukiwa mzigo wa watu wote, mbona watwikwa walimu wa mkataba peke yao? Kama ni lazima kujinyima, na tujinyime sote. Kumchagua mmoja abebe mzigo wa wote, kwa kuwa yeye ndiye asiyeweza kukataa, si kubana matumizi, ni kumkopa mtu asiyeulizwa, bila nia ya kumlipa.

Wala sisemi watu wote wapewe sawasawa. Aliyetumikia miaka mingi, au aliyejifunza zaidi, haki yake yaweza kuzidi. Lakini tofauti hiyo na itoke katika kazi na ujuzi, isitoke katika jina lililoandikwa juu ya barua ya kuajiriwa.

Tusidhani ya kuwa haya ni ya India tu. Katika Kenya, walimu wenye vyeti kamili waliajiriwa kwa jina la wanagenzi katika shule za sekondari za chini, kwa shilingi 20,000 kwa mwezi. Mwezi wa Aprili 2024 mahakama ya kazi ya Nairobi ilisema ya kuwa Tume ya walimu haikuwa na mamlaka ya kuajiri wanagenzi. Jina lilibadilishwa, bali ubao, chaki na watoto walikuwa wale wale.

Na sisi wazee wa sharika, tulio na walimu wa chekechea na wa shule zetu, tusiwanyoshee wengine kidole upesi. Mwalimu ajapo kwetu akisema, Nitakubali chochote mtakachonipa, tusifurahi kwa kuwa tumepata kwa bei rahisi. Neno hilo si mapatano. Ni sauti ya mtu aliyekosa njia, nasi tutaulizwa tulifanya nini tulipoisikia.