Uso wa Kipa

Swali langu ni hili, msomaji mwenzangu: mtu anayeukinga uso wake ni mwoga? Usinijibu haraka. Nina kisa cha mbali kidogo, cha kule Kanada na Marekani, kwenye hoki ya barafu, mchezo ambao wengi wetu tumeuona kwenye televisheni tu.

Kipa wa hoki hupigiwa kisahani cha mpira mgumu, gramu 170 hivi, kinachoweza kupita mwendo wa kilometa 150 kwa saa. Sasa basi, kwa miaka mingi makipa wa ligi kubwa ya kule, NHL, walikikabili kitu hicho uso mtupu. Pua ikivunjika, mtu anashonwa, anarudi golini. Eti huo ndio uanaume.

Tarehe 1 Novemba 1959, mjini New York, Jacques Plante wa Montreal Canadiens alipigwa usoni na shuti la Andy Bathgate. Akashonwa. Kisha akasema harudi bila kinyago alichokuwa akikivaa mazoezini. Kocha wake, Toe Blake, hakukipenda hata kidogo kinyago kile. Lakini enzi hizo timu hazikuwa na kipa wa akiba benchi, angefanyaje? Plante akarudi nacho, wakashinda 3–1.

Hapa ndipo roho yangu inapogoma. Je, wangefungwa? Si kinyago kingebeba lawama, na Plante angeitwa mwoga? Machi 1960 alikivua mechi moja kumridhisha kocha, wakalala 3–0, akakivaa tena moja kwa moja. Yaani jicho la binadamu lilitetewa kwa mabao! Kama vile bila ushindi mtu hana haki ya kuliogopea jicho lake.

Wahenga walisema kwa mwoga huenda kicheko, kwa shujaa huenda kilio. Tunaikariri methali hii misibani, halafu jioni tuko uwanjani tunamzomea anayejikinga.

Washkaji wataniuliza, na Glenn Hall je? Kweli, huyo alidaka mechi 502 mfululizo za ligi, 1955 hadi 1962, Detroit kisha Chicago, bila kinyago. Jabali. Lakini Hall huyohuyo alijulikana kwa kutapika kabla ya mechi. Hofu alikuwa nayo tele tumboni, usoni haikuonekana, basi. Simwiti mwoga, na Plante simwiti. Anayenikera ni yule wa jukwaani, kahawa mkononi, meno yake yote kinywani, anayepima ushujaa kwa nyuzi zilizoshonwa kwenye shavu la mwenzake.

Wa mwisho kudaka NHL uso mtupu alikuwa Andy Brown wa Pittsburgh, mwaka 1974. Vinyago vilikuwa vimejaa kila goli, hakuna aliyemkataza kuvaa. Huyo sina neno naye. Uso ulikuwa wake.