Mshika Daftari

Neno la wiki: Yeremia 45 (soma pamoja na Yeremia 32:9–15 na Yeremia 36)



Jumapili iliyopita, watu walipokwisha kutawanyika baada ya ibada, nilimkuta kijana mmoja ananisubiri chini ya mwarobaini. Alikuwa ameshika kaunta buku lililochakaa jalada, amelifunga kwa kipande cha mpira wa baiskeli ili karatasi zisidondoke. "Shikamoo, Mchungaji." Nikamwitikia, nikamwuliza habari za mpira, maana najua ni katibu wa timu ya kata yao. Akatazama chini. "Mchungaji, nataka kuacha."

Nikaketi naye, akanisimulia. Juma lile timu yao ilikuwa imeshinda, lakini wapinzani wakakata rufaa wakidai kwamba mshambuliaji aliyefunga ni mamluki, ameletwa kutoka wilaya nyingine. Kama rufaa ingekubaliwa, wapinzani wangepewa pointi za mezani. Kijana wetu akafungua daftari lake. Fomu ya usajili ilikuwemo, picha ilikuwemo, tarehe na sahihi zilikuwemo. Rufaa ikatupwa. Jioni ile mfungaji alibebwa mabegani mpaka senta, watu wakiimba. Katibu alirudi nyumbani peke yake kwa baiskeli, gunia la jezi chafu likiwa kwenye keria, kwa sababu kuzifua nako kumekuwa kazi yake. "Huu ni mwaka wa tatu, Mchungaji. Hata jina langu hawalijui. Wananiita wewe wa daftari."

Sikumjibu siku ile. Nilimwomba anipe wiki moja, nikaenda kumtafutia mwenzake katika Maandiko. Nimempata, na tafakari hii ndiyo jibu langu kwake, na kwa kila mmoja wetu aliyeshika daftari la watu wengine.

Mwenzake anaitwa Baruki, mwana wa Neria. Yeremia alikuwa nabii. Baruki alikuwa mwandishi wake. Nabii alisema, Baruki akaandika kwa wino. Nabii alipozuiliwa kuingia nyumba ya Bwana, Baruki ndiye aliyekwenda kusoma gombo mbele ya watu. Mfalme Yehoyakimu aliposomewa gombo hilo, akiwa ameketi mbele ya moto majira ya baridi, alilikata kwa kisu vipande vipande na kuvitupa motoni mpaka likaisha lote. Hebu fikiri: kazi ya miezi imeteketea kwa siku moja. Baruki akachukua gombo jingine, akaanza upya, na safari hii maneno yakaongezeka. Hata Yeremia aliponunua shamba Anathothi kwa shekeli 17 za fedha, wakati Yerusalemu imezingirwa na kila mtu anaona ardhi haina thamani tena, hati za ununuzi alikabidhiwa Baruki azitie katika chombo cha udongo zipate kudumu siku nyingi.

Mtu wa namna hiyo huchoka. Sura ya 45 ya Yeremia ni fupi, aya tano tu, na inabeba manung'uniko ya katibu: nimechoka kuugua, huzuni imeongezwa juu ya maumivu, wala sipati pumziko. Yapo pia mambo ambayo sura hiyo haiyasemi, lakini ukisoma sura ya 51 utaona kwamba Baruki alikuwa na ndugu, Seraya mwana wa Neria, mtu mwenye cheo katika msafara wa mfalme Sedekia. Wana wa baba mmoja, na mmoja anatembea na wafalme, mwingine anaandika maneno ambayo wafalme wanayachoma. Nani kati yetu hajawahi kumtazama ndugu yake kwa jicho hilo?

Tutarudi kulisikia jibu la Mungu. Kwanza nataka tuitazame kazi yenyewe, maana wengi wetu tunaipenda michezo na hatujui inaendeshwa na nani.

Mwaka 1980 Taifa Stars, timu yetu ya taifa ya Tanzania, ilicheza fainali za Mataifa ya Afrika kwa mara ya kwanza, Lagos, Nigeria. Nahodha alikuwa Leodegar Tenga. Wazee wetu wanazikumbuka siku zile, kwa sababu baada ya hapo tulingoja miaka 39 kurudi katika fainali hizo. Ila sehemu ya maisha ya Tenga ninayotaka kijana wangu aijue ilikuja baadaye sana. Desemba 2004 alichaguliwa kuongoza soka la nchi hii, baada ya miaka mingi ya migogoro ndani ya FAT, chama kilichoanza upya kwa jina la TFF. Kazi iliyomngoja mezani ilikuwa katiba, hesabu, barua, mikutano na mikataba ya wadhamini. Uwanja mzima hauwezi kusimama kushangilia hesabu zilizokaguliwa. Hata hivyo mchezaji hapati posho, kocha hapati mkataba, wala timu haipandi ndege, mpaka mtu fulani ofisini awe ameketi na karatasi hizo. Chini ya uongozi ule Stars ilifuzu fainali za kwanza za CHAN, mashindano ya Afrika ya wachezaji wa ligi za ndani, mwaka 2009, Ivory Coast. Tenga aliongoza pia CECAFA, baraza la soka la Afrika Mashariki na Kati, kuanzia 2007 hadi 2015. Na Oktoba 2013, baada ya vipindi viwili, wajumbe wakapiga kura na kiti cha TFF kikapita kwa Jamal Malinzi.

Mfungaji hamkabidhi mtu goli lake. Kiongozi wa ofisi, siku anayoingia, tayari ameshika kitu ambacho lazima atakikabidhi. Maandiko yanamwita mtu huyo wakili: aliyewekwa juu ya mali isiyo yake, na siku moja ataitwa kutoa hesabu.

Wakili mwingine wa ofisini nimemwona ng'ambo. Marekani wana mchezo wa besiboli, mpira mdogo unaopigwa kwa gongo.  Klabu zao kubwa zina meneja mkuu, anayeamua nani asajiliwe, nani auzwe, na fedha zitumikeje. Mwaka 1990 binti mmoja mwenye asili ya China, Kim Ng, aliingia klabu ya Chicago White Sox kwa mafunzo ya kazi, kwenye ngazi ya chini kabisa. Mwaka 1998, akiwa na umri wa miaka 29, klabu ya New York Yankees ilimfanya msaidizi wa meneja mkuu. Baada ya hapo aliitwa kwenye usaili wa nafasi ya juu mara kadhaa, katika klabu tofauti, na kila mara nafasi akapewa mwingine. Aliendelea na kazi. Novemba 2020 Miami Marlins walimpa umeneja mkuu, mwanamke wa kwanza kushika nafasi hiyo katika ligi kuu ya besiboli. Ilikuwa imepita miaka 30. Mwaka 2023 timu yake ilifika hatua ya mtoano, na mwezi Oktoba mwaka huohuo akaondoka klabuni.

Miezi miwili kabla ya uteuzi huo, Septemba 2020, hapa kwetu klabu ya Simba ilimteua Barbara Gonzalez kuwa Mtendaji Mkuu, mwanamke wa kwanza kushika nafasi hiyo klabuni, akitokea kwenye kazi za taasisi ya Mo Dewji Foundation. Msimu wake wa kwanza Simba ilifika robo fainali ya Ligi ya Mabingwa Afrika. Mwishoni mwa 2022 naye alitangaza kuondoka. Sisi tuliojazana kwenye vibanda umiza vya Bariadi tulikumbuka magoli. Tiketi za ndege, hoteli na barua za shirikisho la soka la Afrika zilizowezesha magoli yale, hatukuziona.

Wapendwa, Usukumani hatuhitaji kufundishwa heshima ya kazi hii kutoka mbali. Wazee wetu walikuwa na nsumba ntale, kiongozi wa vijana waliolima kwa pamoja. Vijana walimchagua wenyewe. Mwenye shamba aliyehitaji nguvu za vijana alikwenda kwake, naye akapanga zamu: leo kwa nani, kesho kwa nani. Jembe alishika kama wenzake, lakini mzigo wake mkubwa ulikuwa haki ya zamu. Akipendelea shamba la mjomba wake, mjane anapitwa na mvua. Zamu ilikuwa daftari lake, ameliandika kichwani.

Na msimu wa pamba unatufundisha jambo hilohilo kila mwaka. Mkulima wa Itilima, Meatu au Maswa anapofikisha pamba yake AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, macho yake yanatazama vitu viwili: mzani na kalamu ya anayeandika. Jasho la tangu Novemba linageuka tarakimu chache kwenye karatasi. Tarakimu moja ikiandikwa vibaya, ada ya mtoto imeliwa. Ushirika wa wakulima wa pamba wa Kanda ya Ziwa ulikua miaka ya 1950, akina Paul Bomani wakiwa mbele, kwa sababu wakulima walikuwa hawaiamini mizani ya wanunuzi. Watu waliungana ili wapate mtu mwaminifu wa kusimama penye mzani. Basi asikudanganye mtu kwamba kuandika ni kazi ndogo. Haki ya maskini mara nyingi inalala ndani ya daftari.

Sasa nimfikie kijana wangu kwa jambo gumu. Ningeweza kumwambia: vumilia, Tenga alifika, Kim Ng alifika, nawe utafika. Nimesikia mahubiri ya namna hiyo, na najua yanapendwa. Lakini siwezi kumwahidi kile ambacho Mungu hakumwahidi Baruki. Makatibu ni wengi, na viti vya juu ni vichache. Wapo waliotunza daftari la timu ya kata miaka 40, wakazikwa bila hotuba.

Bwana alimjibu Baruki kwamba anabomoa alichokijenga na kung'oa alichokipanda, nchi nzima. Je, katika siku kama hizo Baruki anajitafutia makuu? Asiyatafute. Kisha akampa ahadi moja: uhai wake atapewa kama nyara, popote atakapokwenda. Nyara ni kile askari anachorudi nacho nyumbani kutoka vitani. Tungesema leo, ni kombe. Mungu anamwambia katibu aliyechoka: wewe mwenyewe, nafsi yako iliyo hai mkononi mwangu, ndiyo kombe utakalorudi nalo.

Mwanzoni ahadi hii inaonekana ndogo. Lakini tazama mambo yalivyokwenda. Yerusalemu ilianguka. Sedekia, mfalme ambaye Seraya alitembea katika msafara wake, alitobolewa macho na kupelekwa Babeli kwa minyororo. Baruki alipita katika hayo yote akiwa hai. Na tukikumbuka kwamba yeye ndiye aliyekuwa mwandishi wa Yeremia, ni rahisi kuamini kwamba sura ya 45 imetoka kwenye kalamu yake mwenyewe. Aliandika manung'uniko yake, kisha akaandika jinsi alivyoonywa, wala hakufuta. Katibu wa kweli ni huyo: hata habari inayomgusa yeye aliiacha ilivyo.

Mwanangu, ukitaka kuacha kwa sababu umechoka, pumzika. Nitazungumza na viongozi wako wakupe msaidizi, na jezi zifuliwe kwa zamu. Ukitaka kuacha kwa sababu hujabebwa mabegani, soma tena Yeremia 45 kabla hujaamua. Na siku ya kuacha ikifika, kwa maana itafika, kabidhi daftari likiwa kamili, kila jina na kila shilingi.

Kwa wiki hii ninaomba mambo mawili kwa sisi wengine. Mtafute mtu mmoja anayeshika daftari kwa ajili yako: katibu wa kwaya, karani wa AMCOS, mweka hazina wa kikoba, mwalimu anayejaza fomu za watoto wa michezo ya shule za msingi, UMITASHUMTA. Mwite kwa jina lake, umshukuru kwa kazi uliyoiona, uitaje ni ipi. La pili, kama una daftari la watu mkononi, lifungue mbele ya Mungu usiku mmoja wiki hii, ukurasa kwa ukurasa, ujiulize kama ungelikabidhi kesho asubuhi bila hofu.

Kabla kijana yule hajaondoka nilimwomba anionyeshe lile kaunta buku. Majina 25 ya wachezaji, kila jina na namba yake, mengine yamepigiwa mstari kwa wino mwekundu ili yasipotee. Lake halikuwemo. Nilimwuliza kwa nini, akanijibu kwamba katibu hajiandiki. Ni kweli, katibu hajiandiki. Wanafunzi 70 waliporudi wakifurahia mambo makubwa waliyoyatenda, Yesu aliwaelekeza wafurahie jambo jingine, kwamba majina yao yameandikwa mbinguni (Luka 10). Lipo daftari ambalo hatukulishika sisi. Anayelitunza anawajua kwa majina hata wanaoitwa "wewe wa daftari".

Tuombe. Ee Bwana, uliyemwona Baruki alipochoka, waone leo wote wanaoandika, wanaohesabu na wanaotunza kwa ajili ya wenzao katika mkoa wetu wa Simiyu. Uwape mikono safi na moyo usiotafuta makuu. Watuongozao katika michezo, katika ushirika na katika kanisa, uwakumbushe kwamba watakabidhi. Na siku tutakapoitwa kutoa hesabu, tukutwe waaminifu. Kwa jina la Yesu Kristo. Amina.