Deni Lisilo na Dalali

Ukipita Kamunyonge kwa miguu, kati ya yale mawe makubwa ambayo Musoma imejengwa juu yake, utaona nyumba zilizokwisha na utaona mapagale. Kuta zimefika lenta zikaishia hapo, nondo zimechomoza zinaota kutu, na pale palipokusudiwa kuwa sebule umesimama mpapai wenye matunda. Mgeni anaweza kudhani mwenye pagale amefilisika au amekufa. Mara nyingi hayuko mbali. Amepanga vyumba viwili mtaa wa pili, na kila akishika chochote ananunua mifuko mitano ya saruji.

Hivyo ndivyo Watanzania wengi wanavyojenga. Mikopo yote ya nyumba iliyotolewa na mabenki nchini, ukiijumlisha, haifiki asilimia 1 ya pato la taifa. Hata hivyo kijana mwenye ajira ya kudumu ataulizwa tu, mapema au baadaye: kwa nini unamlipa mwenye nyumba kila mwezi wakati ungeweza kukopa ukalipia ya kwako? Huulizwa kama swali la hesabu. Mimi naliona ni swali la maadili, ila huwezi kulifikia bila kupitia kwenye hesabu, kwa hiyo tuipige kwanza.

Tuseme umekopa milioni 50 kwa miaka 20, riba asilimia 17 kwa mwaka. Riba hiyo sijaibuni ili kumtisha mtu: taarifa za Benki Kuu ya Tanzania kuhusu soko la mikopo ya nyumba zimekuwa zikitaja viwango vya kati ya asilimia 15 na 19. Marejesho yako yatakuwa shilingi 733,400 kila mwezi. Zidisha kwa miezi 240, unapata milioni 176. Umenunua nyumba moja kwa bei ya nyumba tatu na nusu, na hapo sijaweka bima, ada ya mthamini, ada ya wakili wala gharama za kusajili rehani.

Watu wengi huishia hapo, wakashika vichwa. Lakini jedwali la marejesho lina mambo ya ajabu kuliko jumla yake. Mwezi wa kwanza, katika zile 733,400, shilingi 708,333 ni riba. Deni lenyewe linapungua kwa shilingi 25,067, fedha isiyotosha mifuko miwili ya saruji. Ukimaliza miaka 10 utakuwa umekwisha kulipa milioni 88, na bado unadaiwa milioni 42.2. Nusu ya deni haiondoki mpaka mwaka wa 17 uanze. Mtoto aliyezaliwa siku uliyosaini anaingia sekondari wewe bado una zaidi ya nusu ya mlima. Hakuna aliyekuibia. Riba hukokotolewa juu ya salio, na salio kubwa huzaa riba kubwa ambayo hula karibu marejesho yote, ndiyo maana salio linabaki kubwa.

Haki itendeke pande zote. Shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo. Mfumuko wa bei ukitulia kwenye asilimia 4, rejesho la mwisho litanunua vitu ambavyo leo vinanunuliwa kwa kama shilingi 335,000 tu. Ukiyapima marejesho yote kwa shilingi za leo, ile milioni 176 inashuka hadi kama milioni 121. Kwa hiyo anayekutajia 176 akanyamaza anakutisha, na anayekutajia 733,400 kwa mwezi akanyamaza anakuficha.

Na mwenye pagale je? Yeye hana riba, ila ana kodi ya vyumba viwili anayolipa miaka yote hiyo. Fedha yake imelala ukutani bila kumzalia chochote, mvua za masika zinalamba tofali ambazo hazijapigwa plasta, na bati alilolikuta kwa bei fulani mwaka juzi leo halishikiki. Gharama yake kubwa haipo kwenye risiti yoyote: watoto wake walikua kwenye nyumba ya kupanga, na siku bati la mwisho linapigiliwa, wa kwanza ameolewa Mwanza na wa pili yuko chuo Dodoma. Nyumba ya vyumba vinne imekamilika kwa ajili ya wazee wawili. Sikubaliani kabisa na wanaosema kukopa ni ujinga na kujenga kidogo kidogo ni hekima. Wote wawili wananunua muda. Mmoja analipa benki, mwingine analipa kwa utoto wa wanawe.

Mpaka hapo tungeweza kusema kila mtu achague anachokiweza. Kinachonisumbua ni kitu kingine, na nilikipata kwa jirani zangu wawili, mwalimu wa sekondari na mke wake muuguzi, ambao wameniruhusu niandike bila kuwataja. Walikuwa wanakopa hizo hizo milioni 50. Ofisa wa mikopo aliwawekea mezani majedwali mawili, la miaka 20 na la miaka 15. Kwa miaka 15 marejesho yanapanda kutoka 733,400 hadi 769,500. Tofauti ni shilingi 36,100 kwa mwezi. Jumla yake inashuka kutoka milioni 176 hadi milioni 138.5. Ukiongeza shilingi 36,100 kwa mwezi, unaokoa milioni 37.5 na miaka mitano ya maisha.

Mshauri yeyote wa fedha angewaambia wasifikirie mara mbili. Tatizo ni kwamba walishapiga bajeti hadi senti ya mwisho, na kilichobaki kinachoweza kuguswa kilikuwa shilingi 40,000 wanazomtumia kila mwezi mama yake mwalimu, mjane wa miaka 71 aliyeko kijijini, wilaya ya Butiama. Fedha hiyo ni dawa za presha na ujira wa binti anayemchotea maji.

Mwalimu alinionyesha majedwali yale barazani kwake.

"Mdogo wangu, hebu niambie, hapa mwizi ni nani?"

Nikamwambia, "Mwalimu, sioni mwizi."

"Basi ndiyo shida yenyewe. Angekuwepo mwizi ningemkamata."

Tuliangalie deni la mama kwa makini, maana ni deni. Hakuna mkataba, hakuna salio, hakuna mwezi wa mwisho. Mwanaanthropolojia David Graeber, katika kitabu chake kuhusu historia ya madeni kilichotoka mwaka 2011, anatenganisha wajibu na deni hivi: deni ni wajibu uliopewa tarakimu, kwa hiyo linaweza kulipwa likaisha, na linaweza kuuzwa kwa mtu mwingine. Watu wa Mara hawahitaji kitabu kulijua hilo. Mahari hapa ilikuwa, na kwa wengi bado ni, ng'ombe, na ni kawaida wasitoke wote siku moja. Ng'ombe waliobaki hawazai riba, lakini nao hawasahauliki. Wanawaweka watu kwenye mazungumzo, na mkwe anayemaliza yote haraka mno anaweza kuonekana anataka kukata kamba. Yapo madeni ambayo uzuri wake ni kutokwisha.

Ila madeni ya aina hiyo yana udhaifu mmoja: hayana dalali. Benki ikikosa marejesho itaandika notisi, na usipolipa atakuja dalali na kipaza sauti, nyumba itauzwa mnadani. Mama akikosa shilingi 40,000 atasema, "Haya mwanangu, najua mambo ni magumu." Atakuombea. Kwenye foleni ya wadai wako, anayeweza kukudhuru anasimama mbele, na anayekupenda anasimama nyuma. Hakuna aliyekaa akapanga foleni hiyo kwa nia mbaya. Inajipanga yenyewe siku unapoweka saini. Hii ndiyo gharama ya mkopo wa nyumba ambayo haiwezi kuonekana kwenye jedwali, kwa sababu anayeilipa si mkopaji.

Sheria zetu zimeliona jambo hili nusu. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 zinakataza nyumba ya familia kuwekwa rehani bila ridhaa ya mwenzi. Ni ulinzi mzuri, na wanawake wengi wamebaki na paa juu ya vichwa vyao kwa sababu yake. Aliyetunga kifungu hicho alielewa kwamba saini moja inaweza kufunga maisha ya watu wawili. Lakini fomu ya ridhaa ina nafasi ya mke au mume. Mama wa Butiama hana pa kuweka dole gumba, wala yule binti anayechota maji. Sisemi waongezwe kwenye fomu, nchi ingesimama. Nasema tu kwamba kutokuwemo kwenye fomu hakumaanishi hawajawekwa rehani.

Kuna atakayejibu kwamba naipaka benki matope, na kwamba fedha ya benki nayo ina wenyewe. Ni kweli. Tuliwahi kuwa na Benki ya Nyumba Tanzania, THB, iliyoanza mwaka 1973 ili wafanyakazi na wakulima wapate makazi bora kwa masharti nafuu. Ilikufa mwaka 1995, na mikopo isiyolipwa ilikuwa miongoni mwa yaliyoiua. Waliokopa wakapuuza kulipa hawakuidhulumu serikali tu. Waliwafungia mlango waliokuwa nyuma yao. Baada ya hapo soko la mikopo ya muda mrefu ya nyumba lilidumaa kwa miaka mingi, mpaka sheria ya mwaka 2008 na kampuni ya TMRC ya mwaka 2010, inayoyakopesha mabenki fedha za kukopeshea nyumba, vikalifufua taratibu. Dawa ya deni ni kulipa, hilo halina mjadala. Mjadala ni nani asubiri.

Na hapa nina msimamo. Kati ya wadai wote wa jirani yangu, benki ndiyo inayoweza kusubiri kuliko wote. Kusubiri ndiyo biashara yake. Ile milioni 37.5 ni bei ya kuisubirisha miaka mitano zaidi, na bei hiyo imeandikwa wazi. Kwa shilingi za leo, kwa mfumuko ule ule wa asilimia 4, ni kama milioni 17. Mama hawezi kusubiri kwa bei yoyote. Deni la miaka 15 litakapokwisha atakuwa na miaka 86, kama atakuwepo. Wanaosema "bana matumizi sasa, utamtunza vizuri zaidi baadaye" wanamkopa mtu ambaye hana miaka ya kukopesha, tena bila kumwambia kwamba anakopwa.

Jambo la pembeni, lakini limekaa kichwani mwangu tangu nianze kuandika. Mwalimu Nyerere, aliyezaliwa Butiama mwaka 1922, aliandika makala ya Mali ya Taifa mwaka 1958 akipinga ardhi kugeuzwa bidhaa ya kuuzwa na kununuliwa, na mwaka 1963 umilikaji wa ardhi moja kwa moja ulifutwa. Mpaka leo ardhi ni ya umma. Hati yako ni haki ya kuitumia kwa miaka 33, 66 au 99. Unachoweka rehani, basi, ni haki ya kukaa kwa muda pamoja na kilichosimama juu yake. Halafu siku ikifika, watu wengi wa Kamunyonge hawazikwi Kamunyonge. Gari linakodiwa, wanarudishwa kijijini, kwenye ardhi ambayo hakuna benki iliyowahi kuitaka kwa dhamana. Jirani yangu atalipa miaka 20 kwa ajili ya nyumba anayoiita "kwangu", wakati ile anayoiita "nyumbani" anaitunza kwa shilingi 40,000 kwa mwezi.

Mke wake ndiye aliyeuliza swali lililofaa, na aliliuliza kwa ofisa wa mikopo. Alitaka kujua kama, wakichukua jedwali la miaka 20, wanaweza kuongeza kitu kwenye marejesho mwezi wanaopata posho au wakivuna mpunga, bila kujifunga kuongeza kila mwezi. Akajibiwa inawezekana, ila kulipa kabla ya muda kuna ada, na ada yenyewe iko kwenye ukurasa ambao wateja wengi huwa hawaufungui. Aliufungua. Akakopi kiwango chake kwenye daftari la kliniki alilokuwa nalo mkononi, akamsogezea mumewe kalamu, na wakasaini miaka 20.