Kosa la Mume na Jamaa Zake

Mwaka 1983 sheria ya India ilifanya kuwa ni jinai mume au jamaa zake kumtesa mke. Kifungo chake hufika miaka 3. Nayo ilikuja kwa haja, kwani huko mali hudaiwa kwa wazazi wa bibi arusi, na wako wake waliouawa kwa ajili ya mali hiyo.

Kisha mashitaka yakawafika hata wasiokuwapo. Mwaka 2010 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliwafutia mashitaka wifi na shemeji waliokuwa wakiishi miji mingine. Na mwaka 2022 ikawafutia jamaa ambao haikubainishwa nani katika wao alitenda lipi.

Je, ni uadilifu kufuta kabla ya kusikiliza mashahidi? Naona ndio, maana mtu hachukuliwi kwa kosa la nduguye, na kuitwa mahakamani miaka kadhaa ni adhabu tosha. Lakini mateso ya ndani ya nyumba aghlabu hayana shahidi, na kadhi mvivu huweza kulitupa dai la kweli kwa kuliita la jumla. Mimi katika ukadhi wangu nilikuwa nikimwuliza mke: nani, lini, kwa tendo gani? Mmoja alinitajia watu saba. Alipoulizwa hivyo akawaacha sita. Juu ya wa saba, naye ni mavyaa wake, alisema mpaka adhuhuri.