Almasi za Watoto: Ni Biashara au ni Kamari?

Zamani mchezo ulikuwa kitu cha kununuliwa mara moja. Mzee alimnunulia mwanawe mpira, akatoa fedha yake, na mwenye duka akabaki dukani pake. Hakumfuata mtoto uwanjani kumdai senti kumi kila apigapo teke, wala hakumwambia kuwa goli la leo halihisabiwi mpaka alipie viatu vya dhahabu. Michezo ya siku hizi, hii ya simu ambayo vijana wetu huiita gemu, imeipindua biashara hiyo juu chini. Mchezo wenyewe watolewa bure. Mwenye duka ndiye aingiaye uwanjani pamoja na mtoto, naye hatoki.

Ndugu zetu wa pwani watuwie radhi ikiwa twaeleza mambo ambayo watoto wao wayajua kuliko sisi. Twaandika kutoka Wabera, mtaa wa mji wa Isiolo uitwao kwa jina la Daudi Dabasso Wabera, yule DC aliyeuawa mwaka 1963, na hapa kwetu jambo hili limekwisha ingia majumbani. Hapana shaka limeingia Kibokoni na Malindi vilevile, kwani simu ni zile zile na watoto ni wale wale.

Biashara hii haikuanza juzi. Mwaka 2006 kampuni ya Bethesda ya Marekani iliuza vazi la farasi kwa dola mbili na nusu. Farasi alikuwa picha ndani ya mchezo, na vazi lake picha pia. Watu walicheka. Lakini vazi lilipata wanunuzi, na wafanyabiashara wengine wakatia akilini. Mwaka 2009 mchezo wa kandanda wa FIFA, wa kampuni ya EA, ulianza kuuza pakiti za wachezaji: mtu hulipa kwanza, kisha hufungua, ndipo ajue amepata mchezaji hodari au amepata galasa. Mwaka 2017 ikatoka Free Fire ya kampuni ya Garena ya Singapore, mchezo wa vita uendao hata katika simu za bei nafuu, ambao sarafu yake huitwa almasi.

Mtu atauliza: mbona mwanangu acheza kila siku wala halipi chochote? Naam, walio wengi hawalipi. Kampuni ya King, yenye ule mchezo wa peremende uitwao Candy Crush, ilipouza hisa zake mwaka 2014 ilidhihirisha kuwa katika kila wachezaji 100 waliolipa ni kiasi cha 4 tu. Msomaji asifurahi haraka. Maana yake ni kwamba wanne hao ndio wabebao mzigo wote, na duka zima limepangwa kwa ajili yao, yaani wale ambao mkono wao hauzuiliki. Hao 96 wengine wana kazi yao: ndio watazamaji. Kanzu ya fahari haina thamani pasipo na wa kuitazama.

Na ufundi wa duka hilo wastahili kuangaliwa vizuri. Fedha hailipwi kwa shilingi. Shilingi kwanza hugeuzwa kuwa almasi, au sarafu, au pointi, na baada ya hapo mtoto hajui tena atoa nini. Tuchukulie almasi zauzwa mafungu ya mia, na shati alitakalo ni almasi mia na ishirini. Atanunua mafungu mawili, na themanini zitabaki mkononi zikimwita. Kisha huwekwa saa ihesabuyo nyuma: bei hii yaisha leo usiku. Mfanyabiashara wa sokoni amwambiaye mteja maneno hayo kila siku huitwa mwongo. Katika simu huitwa msimu.

Tangu M-Pesa ilipoanza mwaka 2007, fedha za nyumba nyingi zimehamia ndani ya simu, na simu hiyo hiyo ndiyo kiwanja cha mtoto. Kasha la fedha na mpira vimewekwa mahali pamoja, na ufunguo wake ni tarakimu nne.

Jirani yetu mmoja hapa Wabera hukusanya maziwa ya ngamia kwa wafugaji na kuyapeleka kwa basi mpaka Eastleigh, Nairobi, kama wafanyavyo wanawake wengi wa Isiolo. Hakujaliwa kusoma. Mwanawe wa miaka 12 ndiye macho yake: ndiye amsomeaye ujumbe wa simu, ndiye awajibuye wateja, na namba ya siri aijua kwa sababu mama mwenyewe alimwambia. Kwa mwezi na zaidi mtoto huyo alikuwa akitoa shilingi hamsini leo, mia kesho, akifungua masanduku katika mchezo ambao hatutautaja, akitafuta bunduki moja ya picha ambayo rafiki yake anayo. Mama alitambua siku ya kuwalipa wafugaji. Fedha ya watu haikuwapo. Mlango haukuvunjwa wala mgeni hakuingia, na kila ujumbe wa fedha kutoka ulikuwa umesomwa na yule yule aliyeitoa.

Wazee walipokutana baada ya isha, walio wengi walisema neno moja: mtoto ni mwizi. Kwamba amekosa, hakuna abishaye. Lakini kijana mmoja wa darsa letu aliuliza: ikiwa mtoto ni mwizi, aliyepokea aitwe nani? Swali hilo lilituondoa katika barza likatupeleka kwenye vitabu.

Yafaa kwanza tuyatenge mambo mawili ambayo watu huyachanganya. Lipo la kununua kitu kijulikanacho kwa bei ijulikanayo: shati hili la picha, kwa kiasi hiki. Baadhi ya ndugu zetu husema hiyo ni batili kwa sababu shati halishikiki. Sisi hatukubaliani nao. Watu hulipia manfaa wasiyoweza kuyatia mfukoni, na wanachuoni hawakulikataa hilo. Akiwa mnunuzi ni mtu mzima, na mali ni yake, twaweza kumlaumu kwa israfu, lakini hatuwezi kumwambia amekula kamari.

La pili ni sanduku lililofungwa. Hapa twasema wazi kuwa hatuoni njia ya kulihalalisha. Mtume wetu (s.a.w.) alikataza biashara ya gharari, na katika hiyo akataja ile ya kutupa kijiwe, ambayo wanachuoni waliieleza kuwa muuzaji husema: tupa kijiwe, na nguo kitakayoiangukia ni yako kwa bei hii. Mnunuzi amekubali, muuzaji amekubali, nguo zipo mbele ya macho yao, na bado imekatazwa. Sanduku la simu lazidi hapo, kwani kijiwe hutupwa na muuzaji mwenyewe, ndani ya chumba ambacho mnunuzi hawezi kuingia.

Na kamari ya Waarabu wa jahiliya, ile maisiri iliyotajwa katika Sura ya Al-Baqara na Al-Maida, ilikuwaje? Sisi watu wa nchi ya ngamia twapaswa kuifahamu upesi. Walimchinja ngamia, wakamgawa mafungu, wakachezesha mishale kumi. Saba ilikuwa na alama za mafungu, wa kwanza fungu moja na wa saba mafungu saba, na mitatu ilikuwa mitupu. Aliyetokewa na mshale mtupu alikosa nyama na akalipa bei ya ngamia. Tena washindi hawakuila nyama ile. Waliwapa maskini, na wakijifakharisha kwa ukarimu huo wakati wa njaa. Basi kamari iliyowalisha maskini iliharamishwa, na Qur'ani yenyewe ikakiri kuwa yalikuwamo manufaa kwa watu, lakini dhambi yake ni kubwa kuliko manufaa yake. Nasi twaulizwa juu ya sanduku ambalo halimlishi yeyote!

Watetezi wa masanduku wana hoja mbili. Ya kwanza yasema: hapa hakuna mshale mtupu, kila afunguaye hupata kitu. Lakini mtoto anayetafuta bunduki akapewa rangi ya kofia, na kesho rangi ya kofia tena, yeye mwenyewe ajua alichopata. Mwulizeni kama alilipa ili apate kofia. Wengine huongeza kuwa siku hizi makampuni hutangaza uwezekano wa kupata kila kitu, na ni kweli kuwa Apple iliwalazimisha wauzaji katika duka lake kufanya hivyo tangu Desemba 2017. Mishale ya jahiliya nayo ilikuwa na alama zilizoonekana na kila mtu, wala mchezaji hakufichwa kuwa mitatu ni mitupu.

Hoja ya pili ni nzito zaidi: kilichopatikana hakiuziki kwa fedha, kwa hivyo hakuna ushindi. Juu ya hili mataifa ya Ulaya yenyewe yamegawanyika. Ubelgiji mwaka 2018 ilitamka kuwa masanduku ya michezo kadhaa, FIFA 18 ikiwamo, ni kamari isiyo na leseni, na mwanzoni mwa 2019 EA ikaacha kuuza pointi zake huko. Uholanzi iliitoza kampuni hiyo faini ya euro milioni 10, lakini mwaka 2022 baraza lake la juu la hukumu likaifuta faini hiyo. Uingereza yashika kuwa pasipo kitu chenye thamani ya fedha hapana kamari kwa sheria yake, na mwaka 2022 serikali ilikataa kuibadili sheria hiyo. Sisi hatuhukumiwi na Brussels wala London. Hata hivyo twatanabahisha kuwa baadhi ya wanachuoni wa tabiina, akiwamo Mujahid, walihisabu katika maisiri hata watoto wakicheza kwa majozi. Watoto wa pwani walicheza kwa korosho. Thamani ya korosho ni nini? Mabwana hao hawakutazama thamani tu. Walitazama kile ambacho moyo wa mtoto wazoeshwa.

Turudi kwa swali la kijana wetu, kwani twaona hapo ndipo penye uzito wote. Biashara ni ridhaa ya pande mbili, na ridhaa yataka akili ya mali. Sura ya An-Nisaa yatukataza kuwakabidhi mali wasioweza kuitunza, na yatuamuru tuwajaribu mayatima mpaka wafikie umri na tuone kwao uongofu, ndipo tuwape kilicho chao. Madhehebu yetu ya Imamu Shafi hayasahihishi biashara ya mtoto asiyebaleghe, hata walii akimruhusu; Mahanafi humruhusu mwenye kupambanua, kwa idhini ya walii wake. (Mtoto tumtumaye sukari dukani ni mjumbe wetu, na ada imekwisha mkubali, huyo asitajwe hapa.) Kwa kauli zote mbili, basi, mwana wa jirani yetu hakununua kitu. Hakuwa na sifa ya kununua wala idhini ya mwenye mali. Fedha iliyopokelewa haikuwa bei ya chochote, na mpaka leo ni mali ya mama yule, popote ilipo.

Wala mpokeaji hawezi kudai kuwa hakujua. Duka lililopakwa rangi za watoto lawajua wateja wake. Desemba 2022 kampuni ya Epic Games, yenye mchezo wa Fortnite, ilikubali kulipa dola milioni 520 kumaliza mashtaka ya serikali ya Marekani. Katika hizo, milioni 245 zilikuwa za kuwarejeshea watu walioingizwa katika manunuzi wasiyoyakusudia, na mojawapo ya mashtaka ni kuwa watoto waliweza kununua kwa kubonyeza tu, bila wazazi kuulizwa. Hapa Kenya sheria ya kamari humkataza mtu wa chini ya miaka 18. Mwenye duka la kubashiri akimwona mtoto apaswa kumfukuza. Sanduku la simu lamkaribisha kwa jina.

Tumesema ya wauzaji, tuseme na yetu. Nani alimpa mtoto simu? Tulimpa ili anyamaze, tupate kuzungumza. Nasi twawajua watu wazima, wa safu za mbele msikitini, ambao mfukoni mwao mna mkeka wa mechi za Jumamosi, na ambao huulizana matokeo kabla imamu hajamaliza dua. Mtoto wa nyumba hiyo akiambiwa sanduku ni haramu atasikia maneno tu. Tena yule mama, ambaye wengine walimlaumu kwa kutoa namba yake ya siri, alikuwa na la kufanya gani? Mji wote ulihamishia fedha katika maandishi, wala hakuna aliyekwenda kumfundisha kuyasoma. Lawama hiyo ni ya darsa letu kabla haijawa yake.

Wafugaji wamekubali kulipwa kidogo kidogo. Mtoto hubeba madumu ya maziwa mpaka stesheni ya basi kila alfajiri kabla ya shule, na namba ya siri imebadilishwa. Mama sasa huja madrasa alasiri pamoja na wanawake wengine saba kujifunza tarakimu na herufi, na mwalimu wao huanza na ujumbe wa fedha, Juzuu Amma baadaye. Tumemwandikia mwenye mchezo kumtaka arejeshe, jibu halijafika.

Yamebaki mas'ala mawili ambayo hatukuafikiana, nasi twawaomba masheikh wa Mombasa na Lamu watuandikie. Kijana mmoja ametubia, na akaunti yake ina vitu alivyovinunua waziwazi na vingine vilivyotoka katika masanduku, vyote vimechanganyika. Mtu wa Nairobi ataka kuinunua kwa fedha taslimu, ilhali mkataba wa mchezo wakataza kuuza akaunti. Je, yamfalia kuuza sehemu yoyote? Na la pili: lau kijana huyo angefariki akiwa na akaunti hiyo, je, yaingia katika mirathi, au hakuacha kitu?