Dhahabu ya Geita na Fungu la Wasiozaliwa

Sheria za Tanzania zinatamka kwamba madini ni mali ya wananchi, na Rais ameyashika kama amana kwa niaba yao. Wengi tunaisoma kauli hiyo kama ugomvi wa wenyeji na wageni: kampuni imebeba kiasi gani, sisi tumebaki na nini. Ni swali la haki, na mabadiliko ya sheria ya mwaka 2017, yaliyoipa serikali hisa zisizopungua asilimia 16 katika migodi mikubwa na kupandisha mrabaha wa dhahabu kutoka asilimia 4 hadi 6, yalilijibu kwa sehemu. Lakini wenye amana hii si sisi tulio hai peke yetu. Nashikilia kwamba anayechimba dhahabu, awe kampuni, mchimbaji mdogo au taifa zima, anastahili ujira wa jasho, maarifa na hatari aliyoibeba. Thamani inayobaki baada ya hapo si yake kuila ikaisha.

Mwamba wenyewe unashuhudia. Vilima vya Geita, kusini mwa Ziwa Victoria, vina mwamba wa mistari: ukanda wa chuma, ukanda wa silika ngumu, tena chuma, tena silika, tabaka zilizojitandaza chini ya bahari ya kale. Zaidi ya miaka bilioni 2.5 iliyopita, maji ya moto yalipanda kutoka vilindini kupitia nyufa, yakiwa yamebeba dhahabu iliyoshikamana na salfa. Yalipokikuta chuma, salfa iliiacha dhahabu ikaungana na chuma kufanya pairaiti. Dhahabu, ikiwa haina tena wa kuibeba, ikatua papo hapo, chembe nyingine ndogo hata jicho haliwezi kuziona. Hakuna mkono wa mtu katika kazi hiyo, wala hairudiwi kwa muda ambao binadamu anaweza kuusubiri. Msitu ukikatwa huota, samaki wakiachwa huzaana. Mgodi wa zamani wa chini ya ardhi wa Geita ulichimbwa kuanzia 1936 hadi 1966 ukatoa takriban wakia milioni moja, na hakuna hata moja iliyoota tena.

Yupo atakayesema dhahabu iliyolala chini si mali mpaka mtu aifikie, hivyo ni ya mwenye jasho. John Locke, mwanafalsafa Mwingereza wa karne ya 17, alijenga hoja ya namna hiyo, ila aliiwekea sharti: wengine waachiwe vya kutosha na vizuri vilevile. Mgodi hauwezi kulitimiza sharti hilo. Na wachimbaji wadogo, ambao jasho lao halina shaka, hawaishi kwa kanuni ya jasho tupu. Mbale, yaani mawe yenye dhahabu, ikitoka kwenye duara, yaani shimo la kuchimbia, mifuko hugawanywa: fungu la mwenye leseni, la mwenye shamba, la mwenye duara, la wachimbaji. Aliyeshuka katikati ya matimba, magogo yanayozuia shimo lisiporomoke, akahatarisha uhai wake hasemi yote ni yangu. Mgawo huo mara nyingi humpunja, na hiyo ni dhuluma ya kurekebishwa. Hata hivyo unakiri kwamba jasho ni dai moja kati ya mengi. Anayekosekana pale kwenye mgawo ni mtoto wa kesho.

Dini nazo hazikuliacha jambo hili. Imepokewa kwamba Abyad bin Hammal alimwomba Mtume Muhammad (S.A.W.) ampe chumvi ya Ma'rib, naye akampa; lakini alipoelezwa kuwa chumvi ile ni kama maji yasiyokatika, akaitwaa tena. Wapo wanavyuoni wanaotofautisha: chumvi iko juu, huokotwa, ilhali dhahabu imefichika na huhitaji gharama. Tofauti hiyo ni ya kweli, lakini inathibitisha haki ya kulipwa gharama tu. Wafuasi wa Imamu Malik wengi waliona hata madini yaliyo ndani ya shamba la mtu yabaki mikononi mwa kiongozi, kwa maslahi ya umma.

Pingamizi linalonigusa zaidi ni la umaskini: tutawezaje kumwekea asiyezaliwa, wakati mama anajifungua leo mbali na zahanati? Jibu langu ni kwamba hatulazimiki kuchagua. Zahanati ikijengwa na mwalimu akisomeshwa, dhahabu imegeuka kuwa kitu kitakachowafaa wote wawili. Inayopotea ni ile inayoishia kwenye posho na magari. Halmashauri zenye migodi hupokea ushuru wa huduma unaotokana na mapato ya mgodi, fedha inayoonekana na kuhesabika. Diwani wako akisimama kusoma bajeti, muulize ni kitu gani kilichonunuliwa kwa fedha hiyo mwaka huu kitakachokuwa bado kinafanya kazi mgodi ukishafungwa, na usikae chini mpaka akitaje kwa jina na mahali kilipo.