Mama Aliyesemewa

Katika sinema za Colonial Film Unit, kitengo kilichoanzishwa na serikali ya Uingereza mwaka 1939 na kufungwa 1955, kazi ya mwanamke wa Kiafrika mara nyingi ilikuwa kuonyesha jambo: usafi wa nyumba, malezi ya mtoto. Filamu nyingi zilikuwa bubu. Midomo ya mwanamke huyo ikicheza, mkalimani kando ya gari la sinema alishika kipaza sauti akamsemea. Mama huyo alikuwa mwigizaji kamili, ila aliajiriwa awe mfano, na mfano hauulizwi jina.

Je, mtu aliyegeuzwa mfano amebakiwa na nini?

Mkuu wa kitengo, William Sellers, aliamini Mwafrika anahitaji picha za polepole zisizo na hila. Mwanazuoni wa mawasiliano Marshall McLuhan, katika kitabu chake cha 1962, alisimulia kisa cha wanakijiji wa Afrika walioonyeshwa filamu ya dakika tano hivi kuhusu usafi. Walipoulizwa wameona nini, walijibu: kuku. Watengenezaji hawakujua kuna kuku, wakaipitia filamu upya, na kweli, kuku alikuwa amekatiza pembeni kwa sekunde moja. Kisa hicho kikachukuliwa kuwa ushahidi kwamba hawajui kutazama. Mimi naona walitazama vizuri mno. Waliotoa amri waliona amri yao. Walioketi chini waliona kilicho hai. Na macho yaliyomwona kuku hayangekosa kuona, katika filamu nyingine, jinsi mama yule alivyojifunga leso, na jinsi alivyomkamata mtoto kwa mkono uliozoea watoto. Serikali ilimpangia la kufanya. Isingeweza kuwapangia watu la kuona ndani yake.

Kukumbukwa ni jambo jingine. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Rashidi Kawawa aliigiza *Muhogo Mchungu* huko Tanganyika, na leo filamu hiyo hutajwa kwa jina lake, kwa kuwa Januari 1962 alikuja kuwa Waziri Mkuu. Siasa ndiyo iliyorudi nyuma kumwangazia kwenye filamu. Wanawake wa sinema za zama zile hawakuwa na taa ya namna hiyo.

Hata leo, hapa Bongwe, pwani ya Kenya, tunaishi jirani na hoteli za Diani, na video za kuvutia watalii zinahitaji mwanamke mwenye kapu, anayetabasamu, bahari nyuma yake. Safari hii hafundishi usafi, anauza utulivu. Mgeni huona pwani. Jirani wa mwanamke huyo akiiona video kwenye simu hupiga kelele: "Si yule wa mahamri huyu!" Hapo amerudishiwa utu wake wote, pamoja na deni la unga dukani na ucheshi wake.

Kinachonisumbua ni kwamba filamu huishi kuliko majirani. Baadhi ya filamu za wakati ule zimehifadhiwa Uingereza, lakini waliokuwa watoto magari ya sinema yalipozunguka vijijini sasa wamekaribia au wamepita miaka themanini. Hao ndio wa kuonyeshwa picha hizo, mwaka huu na si mwakani, waulizwe nani ni nani, na majina yaandikwe kwa kalamu.